Mkopo wa Nyumba na Gharama Yake Halisi: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara na Wakazi wa Mtwara na Lindi

Maswali haya yamekusanywa kutoka kwa watu wanaofikiria kuweka rehani ili kununua au kujenga nyumba: walimu, wauguzi, wafanyabiashara wa sokoni, wakulima wa korosho na wafanyakazi wa kiwandani. Ili hesabu zisimchanganye msomaji, mfano ni mmoja kuanzia mwanzo hadi mwisho. Nyumba inauzwa shilingi 75,000,000, mnunuzi anatanguliza 15,000,000 kutoka mfukoni, na benki inamkopesha 60,000,000 kwa riba ya asilimia 16 kwa mwaka, inayohesabiwa juu ya salio linalopungua, yaani deni lililobaki kila mwezi, kwa muda wa miaka 15. Kiwango hicho hakijatolewa na benki fulani. Ni mfano ulio ndani ya viwango ambavyo soko la Tanzania limezoea.

Benki imeniambia nitalipa 881,220 kila mwezi. Je, hiyo si ndiyo gharama ya mkopo?

Hapana. Hicho ni kiasi cha kila mwezi tu, nacho ndicho kinachotajwa kwanza kwa sababu ndicho kinachoweza kulinganishwa na mshahara. Gharama ya mkopo huonekana pale rejesho linapozidishwa kwa idadi ya miezi. 881,220 mara miezi 180 ni shilingi 158,619,600. Mkopaji amechukua milioni 60 na atarudisha zaidi ya milioni 158, yaani riba peke yake ni takriban milioni 98.6. Ukiongeza milioni 15 alizotanguliza, nyumba iliyotangazwa kwa milioni 75 itakuwa imemgharimu takriban milioni 173.6, kabla ya kuhesabu ada, bima, kodi na bati la kubadilisha.

Kwa hiyo, ukiwa mbele ya afisa mikopo, uliza maswali mawili kabla ya kuuliza rejesho: jumla nitakayokuwa nimelipa siku ya mwisho ni shilingi ngapi, na siku hiyo ya mwisho ni tarehe gani. Jibu la kwanza huwashtua wengi. Jibu la pili nalo lina uzito wake, maana mtu wa miaka 48 anayekopa kwa miaka 15 atakuwa bado analipa baada ya umri wa kustaafu kwa lazima katika utumishi wa umma, ambao ni miaka 60.

Nimelipa miaka mitano bila kukosa hata mwezi mmoja, lakini salio ni kama halijaguswa. Je, nimeibiwa?

Swali hili huja mara nyingi kuliko yote, na mara nyingi huja na karatasi. Mwalimu mmoja aliwahi kunitandazia ratiba yake ya marejesho kwenye meza ya mgahawa pale Chikongola, akaweka kidole kwenye mstari wa mwezi wa 60, akanyamaza akisubiri nimwambie kosa liko wapi. Hapakuwa na kosa. Mkopo wake haukuwa sawasawa na mfano wetu, ila ulikwenda kwa mwendo uleule.

Mwendo wenyewe ni huu. Mwezi wa kwanza deni ni milioni 60. Riba ya asilimia 16 kwa mwaka, ikigawanywa kwa miezi 12, inakuwa shilingi 800,000 kwa mwezi huo. Wewe umelipa 881,220. Benki inachukua kwanza riba yake, na shilingi 81,220 zinazobaki ndizo pekee zinazopunguza deni. Mwezi wa pili riba inahesabiwa juu ya 59,918,780, kwa hiyo inapungua kwa shilingi elfu moja na ushei tu, na sehemu inayogusa deni inaongezeka kwa kiasi hichohicho. Deni linapungua kwa mwendo wa kobe mwanzoni, kisha kwa kasi mwishoni.

Baada ya miaka mitano utakuwa umelipa jumla ya shilingi 52,873,200, na salio litakuwa takriban shilingi 52,606,000. Katika fedha zote hizo, milioni 7.4 tu ndizo zilizopunguza deni. Nusu ya deni, yaani milioni 30, haifikiwi mpaka mwaka wa 12 umeshaanza. Ndiyo maana anayeuza nyumba mwaka wa tatu au wa nne kwa sababu ya uhamisho wa kazi hushangaa anapogundua kwamba karibu robo tatu ya bei inakwenda kufunga mkopo.

Omba ratiba kamili ya marejesho, ya mwezi kwa mwezi, kabla ya kutia saini. Ukiwa nayo mkononi, tazama safu ya salio kwanza, safu ya rejesho baadaye.

Nikiongeza muda, rejesho litashuka. Je, si afadhali?

Rejesho litashuka, lakini si kwa kiasi ambacho watu hukitarajia. Mkopo uleule wa milioni 60 kwa miaka 20 unalipwa 834,754 kwa mwezi. Umepata nafuu ya shilingi 46,466 kwa mwezi, na kwa nafuu hiyo umekubali kulipa jumla ya shilingi 200,340,960, yaani takriban milioni 41.7 zaidi kuliko ungelipa kwa miaka 15. Ukienda upande wa pili, kwa miaka 10 rejesho ni takriban 1,005,080, na jumla ni milioni 120.6. Nyongeza ya takriban 124,000 kwa mwezi inaokoa milioni 38.

Riba ikiwa juu kama ilivyo kwetu, sehemu kubwa ya rejesho ni riba ambayo ingelipwa vyovyote vile, kwa hiyo kuongeza miaka hupunguza mzigo wa mwezi kidogo tu, huku kukiongeza sana idadi ya miezi ya kuubeba. Katika nchi ambazo riba ya nyumba ni asilimia 3 au 4, kuongeza muda hupunguza rejesho kwa kiasi kikubwa, na ushauri mwingi unaosomwa kwenye mitandao umeandikwa kwa ajili ya watu wa huko.

Benki moja inanipa asilimia 16 na taasisi nyingine asilimia 10. Kwa nini nisichukue ya 10?

Uliza kwanza asilimia hiyo 10 inahesabiwa juu ya nini. Kama inahesabiwa kila mwaka juu ya mkopo wa awali, bila kujali kwamba umeshalipa sehemu yake, basi milioni 60 zitazaa riba ya milioni 6 kila mwaka kwa miaka 15, yaani milioni 90. Jumla ni milioni 150, na rejesho ni 833,333. Ukiigeuza riba hiyo iwe ya salio linalopungua, inakaribia asilimia 15. Ni nafuu kidogo kuliko 16, lakini tofauti ni ya asilimia moja na kidogo, si sita kama tangazo linavyokuvuta uamini.

Kuna ubaya mwingine wa mtindo huo. Ukitaka kulipa mapema, taasisi inaweza kudai riba yote ya miaka 15 kana kwamba ulikaa na fedha zao muda wote. Soma kifungu hicho mara mbili.

Riba inayobadilika ina hatari gani?

Kubwa kuliko watu wanavyodhani. Chukua mfano wetu, kisha riba ipande kutoka asilimia 16 hadi 18 mwezi wa pili tu baada ya kusaini. Riba ya mwezi juu ya milioni 60 inakuwa takriban 900,000. Rejesho lako la zamani la 881,220 halitoshi hata kulipa riba, achilia mbali deni, kwa hiyo usipoongeza, deni litakua huku ukilipa. Ili umalize ndani ya miaka 15, rejesho litalazimika kuwa takriban 966,250, na jumla itaongezeka kwa milioni 15 na ushei.

Benki Kuu ya Tanzania ilianza kutumia riba yake ya sera, yaani kiwango cha kuongoza riba nyingine nchini, Januari 2024, ikiwa asilimia 5.5, na tangu hapo huitangaza mara kwa mara. Riba ya mkopaji wa nyumba haifuati tangazo hilo papo kwa papo, lakini mkataba wenye riba inayobadilika lazima useme wazi inabadilika kwa kufuata kipimo gani, utapewa taarifa siku ngapi kabla, na kama kuna ukomo wa juu. Mkataba unaosema tu kwamba benki inaweza kubadilisha riba kadiri itakavyoona inafaa umekuachia wewe hatari yote.

Ni gharama gani nyingine ambazo hazimo ndani ya rejesho?

Zipo za mwanzo na zipo za kila mwaka. Za mwanzo ni ada ya kushughulikia mkopo, malipo ya mthamini, wakili, ushuru wa stempu, na kusajili uhamisho wa milki pamoja na rehani yenyewe. Mara nyingine benki hujitolea kwa ukarimu kuziunganisha kwenye mkopo ili usitoe fedha taslimu. Ukarimu huo una bei: ada za milioni 2 zikiingizwa kwenye mkopo wa miaka 15 kwa asilimia 16 zitakuwa zimekugharimu takriban milioni 5.3 mwishoni. Kama unaweza, zilipe pembeni.

Za kila mwaka ni bima ya jengo, bima ya maisha inayolipa deni mkopaji akifariki, kodi ya pango la ardhi, na kodi ya majengo ambayo tangu 2021 hukatwa kidogo kidogo kupitia umeme wa LUKU. Katika hizi, bima ya jengo ndiyo inayostahili kusomwa kwa makini katika mikoa yetu. Kimbunga Hidaya cha Mei 2024 na mvua zilizoambatana nacho vilikata barabara ya Lindi na Dar es Salaam na kuacha maji majumbani mwa watu, na wako waliogundua baadaye kwamba bima ya moto haihusu maji. Uliza kwa maandishi kama mafuriko na upepo mkali vimo.

Na kuna gharama ambayo haimo kwenye karatasi yoyote, nayo ni bahari. Nyumba ya Shangani au ya ufukweni Mikindani inapata upepo mwanana jioni, lakini chumvi inakula bati, misumari, madirisha ya chuma na hata nondo pale zege lilipopasuka. Mwenye nyumba ya bara hubadilisha bati mara moja katika muda wa mkopo, au asibadilishe kabisa. Wa ufukweni atenge fedha mapema, kwa sababu miaka 15 ya rejesho haitamsubiri amalize ukarabati.

Mapato yangu ni ya korosho. Je, ninaweza kulipa rejesho la kila mwezi?

Unaweza, lakini hesabu yako lazima iwe tofauti na ya mwajiriwa. Minada ya korosho huanza karibu na Oktoba, na fedha za wakulima wengi huingia kati ya hapo na mwanzoni mwa mwaka, kupitia vyama vya msingi na stakabadhi ghalani. Rejesho la Julai linakuja wakati ambapo unanunua salfa ya kupulizia mikorosho, si wakati ambapo unauza. Zungumza na benki kuhusu ratiba inayofuata msimu, na kama wanakataa, jiwekee mwenyewe akaunti ya pembeni yenye marejesho ya miezi tisa kabla hujagusa fedha za msimu kwa jambo lingine lolote.

Pia kumbuka msimu wa 2018/2019. Minada ilikwama kwa mvutano wa bei, Serikali ikaamua kununua korosho kwa shilingi 3,300 kwa kilo na kulitumia jeshi kuzisomba, na wakulima wengi wakakaa miezi wakisubiri malipo. Bei ilikuwa nzuri, lakini riba haikusubiri. Mkulima anayekopa kwa miaka 15 atapitia angalau msimu mmoja wa namna hiyo, na mkopo wake unapaswa kupimwa kwa msimu mbaya.

Upande wa neema ni huu: msimu ukiwa mzuri, mkulima ana fedha za mkupuo ambazo mwajiriwa hana. Katika mfano wetu, ukilipa rejesho la kawaida na kuongeza milioni moja tu kila Desemba moja kwa moja kwenye deni, utamaliza kwa takriban miaka 11 na miezi mitano badala ya 15. Utakuwa umeongeza milioni 11, na kuokoa zaidi ya milioni 27. Hakikisha tu mambo mawili: kwamba mkataba hauna adhabu ya kulipa mapema, na kwamba umeandika barua ya kuelekeza fedha hizo zipunguze deni, kwa sababu zisipoelekezwa zinaweza kukaa kwenye akaunti zikihesabiwa kama rejesho la mwezi ujao.

Je, si bora kuacha kupanga na kununua kwa mkopo, maana kodi ya pango inapotea bure?

Msemo huu una nguvu kuliko hesabu yake. Tuseme nyumba ya milioni 75 unaweza kuipanga kwa 250,000 kwa mwezi, kiasi ambacho si kigeni kwa nyumba ya vyumba vitatu katika mji wetu. Riba ya mwezi wa kwanza ya mkopo wetu ni 800,000. Riba nayo inapotea bure kama kodi ya pango, isipokuwa inapotea mara tatu zaidi. Kwa miaka 15, pango lisilopanda lingekula milioni 45. Riba inakula milioni 98.6. Hata pango likipanda mara kwa mara, pengo hilo halizibiki kirahisi.

Wengine husema thamani ya nyumba itapanda na kufuta yote. Huenda. Lakini Mtwara imeshafundishwa somo hilo. Gesi ilipopamba moto karibu na 2012 na wageni wa kampuni wakaja, pango la Shangani lilipanda na watu wakajenga kwa mategemeo ya kupangisha kwa dola. Wageni walipopungua, nyumba zikabaki na mikopo ikabaki. Leo Lindi inasikia habari hizohizo kuhusu mradi wa gesi asilia iliyosindikwa wa Likong'o. Anayenunua kwa fedha zake anaweza kusubiri miaka kumi. Anayelipa asilimia 16 hana subira hiyo.

Na mfumuko wa bei je, hautalimeza deni? Tangu 2018 wastani wa mwaka wa mfumuko wa bei nchini umekuwa chini ya asilimia 5. Riba ya 16 dhidi ya mfumuko wa 4 ina maana kwamba gharama halisi ya fedha hizo ni karibu asilimia 12. Mfumuko haukusaidii sana.

Basi mkopo wa nyumba haufai kabisa?

Unafaa kwa kazi fulani. Kwa maoni yangu, kazi yake nzuri kabisa kwetu ni kumalizia, si kuanzia. Familia nyingi hapa hujenga tofali kwa tofali: kiwanja Mangamba au Mitwero, msingi mwaka huu, kuta mwaka kesho, kisha fedha zinaisha kwenye lenta na mvua zinaanza kunyeshea ukuta. Mkopo wa milioni 20 wa miaka mitano kwa riba ileile ya 16 una rejesho la takriban 486,360 na riba ya jumla ya milioni 9.2. Ukiezeka na kuhamia, pango unalookoa linaanza kusaidia rejesho mwezi huohuo. Ni gharama inayoonekana, yenye mwisho unaoonekana.

Unahitaji, hata hivyo, kiwanja kilichopimwa na chenye hati, maana eneo lenye karatasi ya mauziano ya serikali ya kijiji halikubaliki kirahisi kama rehani ya mkopo mrefu. Kwa wengi, fedha ya kwanza inapaswa kwenda kwenye upimaji na hati, kabla ya tofali.

Mimi ni Mwislamu na sitaki riba. Je, nina njia?

Ipo. Baadhi ya benki zina dirisha la huduma zisizo na riba, na Benki ya Amana, iliyoanza 2011, inafuata misingi hiyo kikamilifu. Katika murabaha benki hununua mali na kukuuzia kwa bei ya juu inayojulikana tangu mwanzo. Katika ushirika unaopungua mnamiliki pamoja na wewe unainunua sehemu yake kidogo kidogo. Suala la kidini mwulize sheikh unayemwamini. Suala la gharama linabaki lilelile: jumla ya shilingi siku ya mwisho ni ngapi? Murabaha ina faida ya kulijibu swali hilo waziwazi, kwa kuwa bei haibadiliki katikati.

Mke wangu hana kipato. Je, anahitaji kuhusishwa?

Ndiyo. Sheria ya Ardhi ya 1999 inataka ridhaa ya mwenza katika kuweka rehani nyumba ya familia. Zaidi ya sheria, yeye ndiye atakayeishi na makato hayo kila mwezi. Mwoneshe ratiba yote, si ukurasa wa saini.

Nikishindwa kulipa itakuwaje?

Riba ya adhabu huanza kujikusanya, kisha inakuja notisi ya maandishi, ambayo kisheria inampa mkopaji siku 60 kabla ya benki kuchukua hatua ya kuuza. Usisubiri notisi. Nenda mwezi wa kwanza unapoona dalili, ukaombe kupanga upya marejesho, na uulize mpango huo mpya unaongeza jumla kwa kiasi gani, kwa sababu riba iliyolimbikizwa mara nyingi huunganishwa na deni na kuanza kuzaa riba nyingine.

Nikimaliza kulipa, je, hati yangu inarudi yenyewe?

Hairudi yenyewe, na hapa watu waliovumilia miaka 15 huteleza kwenye hatua ya mwisho. Benki ikikupa barua ya kumaliza deni, rehani bado imeandikwa kwenye daftari la Msajili wa Hati. Inapaswa kufutwa kwa fomu maalumu iliyosainiwa na benki na kupelekwa Ofisi ya Ardhi ya Mkoa, kwa ada ndogo. Mtu akifariki bila kufanya hivyo, warithi wanapotaka kuhamisha milki hukuta nyumba bado imefungwa kwa deni ambalo halipo, na huanza kuitafuta barua ambayo labda ilihifadhiwa chini ya godoro. Chukua barua, hati na fomu ya kufuta rehani siku moja, na uzipeleke ardhi ndani ya wiki hiyohiyo.